Kipande Kilicholegea

Upepo wa kusini ulipoingia bandarini, kila nyumba ya Mtaa wa Ferrier ilikuwa na neno la kusema. Madirisha yalitetemeka, mabomba ya mvua yalipiga mluzi, na kwenye roshani ya Merle Tranter kipande kimoja cha chuma kiligonga: ko, ko, ko, kama mtu mwenye adabu anayebisha hodi bila haraka. Merle alikuwa analala na mlio huo tangu alipoolewa. Mumewe, Alby, alikuwa nao tangu kuzaliwa, maana alizaliwa katika chumba hichohicho cha juu, kitanda kikitazama maji.

Wageni walidhani chuma kile kimeharibika. Wenyeji walijua kimelegezwa makusudi. Nyumba za mtaa ule zilijengwa safu moja, bega kwa bega, ukuta wa huyu ndio ukuta wa yule, na waliozijenga enzi za Malkia Viktoria walizibana ngazi zake mpaka zikawa kama shingo ya chupa. Unapanda, unageuka ghafla, unapanda tena. Kitanda kizima hakipiti. Kabati halipiti. Hata jeneza halipiti, labda ulisimamishe wima kama askari wa gwaride, na hakuna mjane anayetaka kuona hivyo. Ndiyo maana katika kila roshani, kati ya vile vipande vya chuma vyenye nakshi kama lesi, kimoja hakikukazwa bolti. Ukiwa na kitu kikubwa, unakitoa kipande, unafunga kapi kwenye boriti chini ya paa, na wanaume wa bandarini, ambao kazi yao ilikuwa kuinua na kushusha mchana kutwa, wanamaliza shughuli kabla chai haijapoa. Kinanda cha mama yake Alby kilipandia hapo. Naye mwenyewe, siku yake ilipofika, alishukia hapo.

Wanaume wale sasa walikuwa wamekwisha. Meli zilihamia bandari nyingine, kisha nyumba zikaanza kuuzwa, na mlango mmoja baada ya mwingine ukapata rangi mpya na mwenyewe mpya. Walibaki wazee wachache waliopewa ruhusa ya kukaa hadi mwisho wao: Merle na Alby, na kule pembeni Les Hanrahan, ambaye bandarini walimwita Jumapili kwa sababu hakuna aliyewahi kumwona akifanya kazi. Upande wa pili wa ukuta wa Merle alihamia daktari wa meno, Despina Kaloudis, mwanamke wa makamo anayeishi peke yake. Merle hakuwa na ugomvi naye. Alimwitikia salamu kwa kichwa, basi. Katika nyumba ile alikaa rafiki yake Peg maisha yake yote, mpaka alipohamishwa kwenda kufia mbali na bahari, na Merle hakuona kwa nini aharakishe kumzoea aliyekuja badala yake.

Mwaka ule mapafu ya Alby, yaliyokula vumbi la shehena tangu ujana, yalichoka. Alilazwa hospitali wiki baada ya wiki, na Merle akawa anatoka asubuhi na kurudi jioni. Siku moja daktari aliwaeleza kwa upole kwamba dawa zimefika mwisho wake. Alby alisikiliza, akavuta pumzi mbili tatu kupitia mpira wa puani, kisha akasema, "Haya. Basi nataka kwenda nyumbani."

Muuguzi, binti mwenye sauti ya furaha, alisema inawezekana. Wangeleta kitanda cha hospitali, kile kinachopanda na kushuka kwa umeme. "Lakini tumweke chumba cha chini, mama. Itakuwa rahisi kwa wote."

"Chini nitaona nini?" Alby aliuliza. "Soksi za watalii?"

"Mzee, kitanda hicho hakitapita kwenye ngazi zenu. Nimeziona za aina hiyo."

"Mimi nitapita. Nijikunje tu kwenye kiti, wanibebe. Mtu hujikunja." Alipumzika kidogo. "Kitanda wataingiza akina Jumapili. Merle anajua pa kukipitisha. Au siyo, bibi?"

"Najua," Merle alisema. Akamshika mkono uliokuwa mwepesi kama jani. "Utalala juu, Alby. Utayaona maji. Nimekuahidi."

Alikuwa hajawahi kumwahidi kitu na kukosa kukitimiza, isipokuwa kuacha kuunguza mbavu za kondoo, jambo lililomshinda hadi leo.

Kitanda kililetwa Alhamisi, Alby akitarajiwa kesho yake. Vijana wawili wa lori walikiteremsha kwenye kinjia mbele ya mlango, wakaichungulia ngazi, wakatazamana.

"Hapana, mama," alisema mmoja. "Hapa hata kwa sala."

"Hakuna aliyewaambia ngazi," Jumapili alisema. Alikuwa amekuja na kamba begani, kapi mbili za mbao mkononi, na kofia aliyoivaa siku za shughuli. Nyuma yake walikuja wazee wengine wawili aliowaokota baa, mmoja akichechemea. "Nyie shikeni vyuma vyenu hapo, mtazame. Hii ndiyo kazi. Shemeji, tupande."

Walipanda Merle na yeye. Jumapili alishika kile kipande cha mwisho, karibu na ukuta wa jirani, akakitikisa kama mtu anayemwamsha rafiki. Hakikuyumba. Akatikisa tena kwa mikono miwili. Kimya.

Hapo ndipo Merle alipong'amua kitu kilichokuwa kikimsumbua bila kukijua. Upepo wa kusini ulikuwa umevuma Jumanne, yeye amelala macho wazi, na nyumba haikugonga. Alidhani ni masikio yake, au ni huzuni.

Jumapili alipiga magoti. Bolti zote zilikuwa mpya, zinang'aa, na kila tundu lilijazwa gundi ngumu ya kijivu, ikalainishwa vizuri na kupakwa rangi juu, hata huoni palipoungwa. Kazi safi. Alivua kofia.

"Shemeji," alisema polepole, "nadhani nina jambo la kukwambia."

"Sema."

"Yule daktari wa jirani alikuja Jumamosi kuomba ufunguo wako, ule ulioniachia nikuangalizie nyumba. Akasema kuna kitu kidogo anataka kukutengenezea kwenye roshani, uje ukute. Nikajua anapaka rangi. Nikampa."

"Na wewe ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa nasikiliza mbio za farasi."

"Jumapili!"

"Hata farasi mwenyewe alishika mkia, shemeji. Mungu ameshaniadhibu."

Merle hakucheka. Alikaa kwenye ukingo wa dirisha akayatazama maji, yaliyokuwa na rangi ya bati. Kule upande wa kusini wingu lilikuwa linakusanyika. Chini vijana wa lori walianza kuuliza kama kitanda kinaingia au kinarudi, maana wana nyumba nyingine za kwenda.

Kwenye ngazi zikasikika hatua nyepesi. Despina Kaloudis alitokea mlangoni na sahani ya keki ya maziwa iliyofunikwa kitambaa, uso umejaa bashasha.

"Bibi Tranter! Mlango ulikuwa wazi. Nimesikia mzee anarudi kesho, nikasema niwaletee..." Akaona wanakotazama. "Ah, mmekiona! Nimekikaza mwenyewe. Kilikuwa kinagonga usiku, nikajua mzee akirudi kitamsumbua."

Kisha Merle akasema, kwa sauti ndogo ambayo Jumapili aliiogopa kuliko kelele, "Kinakusumbua wewe au kinamsumbua yeye?"

"Samahani?"

"Kile chuma kimegonga toka kabla hatujazaliwa sote. Hakikuharibika. Ni mlango. Ndipo kitanda kingepita. Kitanda ambacho mume wangu angefia chumbani kwake akiona bahari, kama nilivyomwahidi. Sasa umekifunga."

Despina aliiweka sahani sakafuni, kwa uangalifu, kama kitu chenye moto.

"Shukrani ya punda hiyo, daktari," Jumapili alinong'ona, akijaribu kumsaidia. "Usiichukulie. Ana siku ngumu." Kisha akasimama, akachukua nyundo kwenye mfuko wake. "Njia ni moja. Nikivunje."

Chuma kile cha zamani kilichomiminwa kwenye kalibu hakipindi. Ukikipiga kinapasuka kama sahani, na mpasuko hauchagui pa kuishia. Unaweza kuondoka na roshani nzima. Nyumba zile zilikuwa kwenye orodha ya urithi, hata rangi ya mlango iliombewa ruhusa. Lakini hilo silo lililomuuma Merle. Ile lesi ya chuma ndiyo aliyoishika Alby mtoto alipojifunza kusimama. Mama yake alimwonyesha Merle palepale, wiki ya harusi: kidole kidogo kiliingia hapa, kwenye jani hili, kikanasa, mpaka tukamtoa kwa siagi.

Alilitazama jani lile. Akavuta pumzi.

"Vunja," alisema.

"Ngojeni." Despina alikuwa ameshapiga magoti. Alipitisha ukucha kwenye gundi yake mwenyewe. "Tafadhali, ngojeni. Msipige. Hii nimeiweka mimi. Ni jamaa wa ile tunayojazia meno. Kila siku naitoa vinywani mwa watu, na jino linabaki zima." Alimgeukia Merle, na macho yake yalikuwa yamejaa. "Nipe mpaka mvua ije. Ikija kabla sijamaliza, nyundo ni yenu."

Merle alimtazama. Kule chini kijana wa lori alipaza sauti tena. Jumapili aliinama nje ya roshani. "Mwanangu, kuna keki huku juu! Unaijua keki ya Kigiriki? Zima gari!"

Ndivyo walivyopata wasaa.

Despina alikimbilia kwake, akarudi na sanduku: kikeekee kidogo cha meno kinacholia kama nzi aliyefungiwa chupani, vijiti vyenye ncha, miwani ya kukuza, hata taa ya kichwani. Alijilaza ubavu kwenye mbao za roshani na nguo zake nzuri za kazini. Vumbi la kijivu likaanza kumwagika.

"Fungua kinywa, babu," Jumapili alikiambia chuma. "Haitauma."

"Wote husema hivyo," alisema mzee anayechechemea, akiwa na keki mdomoni.

Merle alichuchumaa kando yake kumshikia taa, kwa kuwa ile ya kichwani ilikuwa inateleza. Kikeekee kililia, kikanyamaza, kikalia. Bolti ya kwanza ikazunguka.

"Hakikuwa kinanisumbua," Despina alisema bila kuinua kichwa. "Nataka ujue hilo. Kelele zake nilizizoea."

"Basi kwa nini?"

Alipuliza vumbi. "Ukuta wetu ni mmoja, Bibi Tranter. Nakusikia. Jioni ukirudi hospitali, unamweleza mambo ya siku nzima, kana kwamba amekaa hapo. Nani umekutana naye, muuguzi amesema nini. Kisha unanyamaza, kama unamngoja ajibu." Aliingiza kijiti tunduni, akakokota kipande cha gundi. "Mara nyingi nilisimama mlangoni kwako. Sikujua niseme nini. Mikono yangu ndiyo inayojua kusema. Nikaona chuma kimelegea, nikafurahi. Nikasema, haya, angalau kuna kitu naweza kumtengenezea."

Merle alikuwa akidhani upande wa pili wa ukuta ule, tangu Peg aondoke, hakuna mtu. Kumbe jioni zote zile alipozungumza na kiti kitupu palikuwa na mwenzake anayesikiliza.

Aliusogeza mwanga karibu. "Hapo chini pamebaki kidogo," alisema. "Kushoto. Naitwa Merle."

Matone ya kwanza yalianguka bolti ya mwisho ikiwa nusu. Jumapili aliitazama nyundo, akaiangalia mvua, akajifanya hakuona lolote. Despina aliweka kikeekee, akashika koleo, akakunja uso kama anayeng'oa gego. Kitu kikalia tik. Kipande kizima kikaegemea mikononi mwa Merle, kizito, baridi, hakina hata ufa.

"Suuza, tema," Jumapili alisema, na hapo ndipo Merle alipocheka, akacheka mpaka akajifuta machozi kwa mkono wenye vumbi.

Kilichofuata kilikuwa kazi ya kawaida. Kapi zilifungwa kwenye boriti, kamba ikapitishwa, kitanda kikafungwa fundo ambalo vijana wa lori walilipiga picha. Jumapili alisimama katikati ya mtaa kwenye mvua, mkono juu, akitoa amri kwa sauti ambayo haikutumika tangu meli zihame. "Vuta! Vuta, kwa upole, huyo ni mwari! Simama! Daktari, mshike kiuno asigonge ukuta! Vuta!" Wapita njia waliacha miavuli wakashika kamba. Kitanda kilipanda kikizunguka taratibu, kikapita pale penye pengo, kikaingia chumbani kama kilichokuwa kinakujua kwao.

"Na wasema sijawahi kufanya kazi," Jumapili alisema akihema.

"Umefanya leo," Merle alimwambia. "Tutaiandika kwenye kaburi lako."

Kesho yake Alby alipandishwa kwenye kiti, amejikunja kama alivyoahidi, akiwatania wabebaji kwamba wanapumua vibaya kuliko yeye. Walimlaza, wakainua kichwa cha kitanda. Mvua ilikuwa imepita. Kwenye roshani palikuwa na pengo lililofungwa kamba tu, na kupitia pengo lile maji yalionekana yote, bila nakshi ya kuyakatakata, na feri ya kijani na manjano ikikata kona.

Alitazama kwa muda mrefu.

"Aa," alisema. Basi. Lakini Merle alikuwa ameishi naye vya kutosha kujua ndani ya ile "aa" mna nini.

Despina alikuja jioni ile kumsalimu, akasimama karibu na mlango.

"Wewe ndiye uliyeziba nyumba yangu?" Alby aliuliza.

"Ndiyo, mzee. Nisamehe."

"Na ndiye uliyeizibua?"

"Ndiyo."

"Basi tuko sawa. Kaa. Nina jino hapa nyuma linanisumbua toka vita."

"Vita vipi?"

"Na mama mkwe."

Akawa anakuja kila siku akitoka kazini. Alileta supu ya kuku na limau, akamsomea Alby matokeo ya farasi, akajifunza kumgeuza bila kumwumiza. Merle alipolazimika kulala, alilala, kwa kuwa kulikuwa na mtu macho. Siku za Alby hazikuwa nyingi, lakini zilikuwa zake. Alizijua feri kwa honi zake. Alizipungia mkono, na siku moja moja alidai moja imemwitikia.

Alikata roho asubuhi, mwanga ukiwa juu ya maji, Merle akimsimulia jinsi mkate ulivyoungua. Alinyamaza kumngoja ajibu, akangoja, akaelewa. Aliugonga ukuta kwa kifundo cha kidole mara moja tu, na Despina akaja akiwa na nguo za kulalia, miguu mitupu.

Waliomzika walitaka kumpitisha ngazini. Merle alikataa. Kamba ilikuwa bado ipo, na kapi, na Jumapili amevaa kofia. Safari hii hakupaza sauti. Aliinua mkono tu, akaushusha polepole, na jeneza likashuka nalo, likazunguka kidogo, likatazama bandari, likatulia mikononi mwa watu wa mtaa, wa zamani na wa sasa. Merle, aliyekuwa juu kwenye pengo, alishikwa kiuno na Despina asije akainama mno. Alikuwa akilia, lakini ndani ya kilio mlikuwa na kitu kingine kilichokaa kimya, kizito na kizuri. Alikuwa amempa kila alichomwahidi.

Wiki chache baadaye Despina alikuja na kile kipande. Alikuwa amekisafisha kila jani kwa mswaki, amekipaka rangi iliyoruhusiwa. Walikirudisha pamoja. Alipofika kwenye bolti alisimama, bisibisi mkononi.

"Nikaze kiasi gani, Merle?"

"Mpaka isidondoke. Basi."

Despina aligeuza kidogo, akaacha. Kisha akaenda kwake, na Merle akasikia upande wa pili wa ukuta Jumapili akimwelekeza kwa sauti ya mtu asiyefanya kazi: hapana, siyo hicho, kile cha mwisho, waliokuuzia walikibana, haya, zungusha.

Upepo wa kusini ulikuja mchana wa siku ile, Merle akiwa jikoni. Madirisha yalitetemeka. Juu kikaanza: ko, ko, ko. Kikapumzika. Na ng'ambo ya ukuta, chenye sauti nyembamba kidogo kwa kuwa hakijazoea, kingine kikagonga.

Merle alitoa kikombe cha pili kabatini, akaweka maji zaidi kwenye birika.

"Karibu," alisema, ingawa hakuna aliyekuwa bado mlangoni.